Rufaa haisimamishi amri ya mahakama

"Chuo kimekata rufaa, wakili, kwa hivyo tungoje." Nimelisikia neno hili kwa wanafunzi, wazazi, hata maafisa wa vyuo wanaopaswa kujua vyema. Hakuna cha kungoja! Hapa Kenya, Oda ya 42, kanuni ya 6 ya Kanuni za Kesi za Madai za mwaka 2010 inasema wazi kwamba rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji. Anayetaka amri isimame aombe isimamishwe, bila kuchelewa, aonyeshe hasara kubwa itakayompata na atoe dhamana. Akinyimwa, aende Mahakama ya Rufaa chini ya kanuni ya 5(2)(b) ya kanuni za mahakama hiyo. Kabla ya hapo amri inamfunga, hata kama anaamini jaji alikosea.

Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016 ilibatilishwa na Mahakama Kuu mwaka 2018, lakini mamlaka ya mahakama ya kumwadhibu anayeidharau, yaani anayekaidi amri yake, yalibaki. Na afisa asijitetee kwamba hakukabidhiwa amri mkononi: tangu kesi ya Shimmers Plaza, 2015, akithibitishwa kuwa aliijua, inatosha.

Linaloniudhi zaidi ni namna watu wanavyosoma amri yenyewe. Jaji akifuta adhabu ya mwanafunzi na kuagiza kikao kipya cha nidhamu, chuo kikamsikiliza upya kisha kikamfukuza tena, hiyo si dharau. Amri ilidai kikao, haikudai ashinde. Uamuzi huo mpya upingwe kwa kesi yake. Lakini amri ikisema arudishwe darasani na afanye mtihani, chuo kikafungua akaunti yake ya usajili huku jina lake likikosekana kwenye orodha ya mtihani, kwangu hiyo ni dharau, hata wakili wao akileta hati ya kiapo yenye picha ya akaunti iliyofunguliwa.

Kuithibitisha dharau ndiko kugumu. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, 1985, kiwango cha ushahidi kinazidi kile cha kesi ya kawaida ya madai na kukaribia cha jinai. Amri yenye maneno mawili yanayovutana humwokoa afisa. Na chuo hakiingii jela. Lazima uonyeshe kwamba naibu chansela au msajili fulani aliijua amri, alikuwa na uwezo wa kuitekeleza, na akakataa kwa makusudi.

Hata ukifaulu, mara nyingi jaji humpa afisa nafasi ya kutii kabla ya adhabu. Wiki zinapita, mtihani unafanyika, na mwanafunzi wako yuko nje ya ukumbi akiwa mshindi. Hapo ndipo ninapotilia shaka silaha hii ya ombi la dharau tunayoikimbilia sote. Siku hizi, amri ikitoka na utata wowote, narudi kwa jaji yuleyule kabla ratiba ya mitihani haijabandikwa, naomba aandike tarehe, somo na cheo cha afisa atakayewajibika.