Tochi ya gesi haina shida, shida iko kwenye kikopo

Mteja akiniletea ankara ya tochi za gesi, sianzi na bei. Namuuliza kwanza: zinakuja na gesi ndani au tupu? Wengi hushangaa, maana walichojiandaa kujibu ni idadi ya katoni. Lakini jibu la hapo ndilo linaloamua meli gani itakubali mzigo, karatasi zipi zitadaiwa, namba ipi ya ushuru itatumika, na mara nyingi kama biashara yenyewe ina faida au haina.

Nazungumzia zile za kushika mkononi zenye moto wa buluu uliochongoka: blotochi ya fundi friji, kale kadogo ka fundi simu na sonara, ile ya mpishi wa hotelini ya kuunguzia sukari, na ile ya kubandika juu ya kikopo ambayo siku hizi utaiona kwa wauza kongoro wakiunguzia manyoya na kwa wachoma nyama wakiwashia mkaa. Kazi yangu ni uwakala wa forodha hapa Dar es Salaam. Nilizozipitisha mimi karibu zote zimetoka China, kwa meli, na zimeishia Kariakoo.

Tuanze na namba, kwa sababu hapo ndipo pesa inapotea bila mtu kujua. Bidhaa zote forodhani husomwa kwa namba za HS, mfumo wa kuainisha bidhaa wa Shirika la Forodha Duniani, unaotumika tangu 1988. Tarakimu sita za mwanzo ni za dunia nzima. Sisi wa Jumuiya ya Afrika Mashariki tunaongeza mbili. Sasa tafuta humo "tochi ya gesi ya mkononi". Huipati. Unachokipata ni milango mitatu iliyokaa mbalimbali. Kuna 8205.60, kwenye sura ya zana za mkono, palipowekwa taa za kuunguzia zinazojitegemea, yaani zenye tangi au kikopo chao. Kuna 8468.10, kwenye sura ya mitambo, pa vichomeo vya mkononi vya kulehemu na kuunganishia metali, na hapa ndipo pia vinapoingia vile vya oksijeni na asetilini vinavyovuta gesi kwa mpira kutoka kwenye mtungi mkubwa. Na kuna 9613.80, ya viwashio visivyo vya mfukoni, mahali ambapo kiwashio kirefu cha jikoni hukaa halali kabisa, na tochi ndogo hujikuta imesukumiwa humo kwa sababu tu ankara imeandika "kiwashio".

Tochi yenye tangi lake la kujaza haina ubishi mkubwa, ni 8205.60. Ubishi uko kwenye kichwa kitupu, kile cha kufunga juu ya kikopo kinachouzwa peke yake. Wakala mmoja atasema ni taa ya kuunguzia iliyokosa kikopo tu, mwingine atasema ni kichomeo, kwa kuwa gesi inatoka nje yake. Ofisa naye ana maoni yake. Mimi huangalia imetengenezwa kwa kazi gani na inaunganishwaje na gesi, kisha ndiyo nafungua kitabu cha ushuru. Jina lililoandikwa kwenye boksi halinisaidii sana. Wachapaji wa maboksi huandika chochote kinachouza.

Kwa nini tubishane hivyo? Ushuru wa pamoja wa Jumuiya una ngazi za asilimia 0, 10, 25 na, tangu Julai 2022, 35. Sura tofauti, ngazi tofauti. Chukulia mzigo wa thamani ya shilingi 10,000,000 ukiwa umefika, pamoja na nauli na bima. Ukiangukia ngazi ya sifuri, VAT ya asilimia 18 peke yake ni 1,800,000. Ukiangukia asilimia 10, unalipa ushuru 1,000,000, na VAT inahesabiwa juu ya 11,000,000, jumla 2,980,000. Kwenye 25 unafika 4,750,000. Hapo sijagusa tozo ya reli wala zile nyingine ndogondogo. Tofauti ya karibu milioni tatu kwa mzigo uleule, kwa sababu ya maneno mawili kwenye ankara! Viwango hubadilika kila bajeti, kwa hiyo usichukue namba ya mwenzako wa mwaka juzi. Fungua kitabu cha ushuru cha mwaka huu.

Hili la milango mitatu lina tokeo lingine ambalo wanaouza ripoti za masoko hawalisemi. Mtu akikuonyesha grafu ya "uagizaji wa tochi za gesi Tanzania", karibu kwa hakika amechukua takwimu za 8468.10 na kuzibandika jina hilo. Ndani yake mna vichomeo vya shaba vya walehemu magereji, na tochi zilizopita 8205.60 hazimo. Ukienda 8205.60 nako utakuta taa za kuunguzia za mafuta ya taa zimechanganyika. Kuna na mizigo midogo ya kuchangia kontena iliyoandikwa "vifaa vya nyumbani" tu. Na kuna jirani: tochi iliyolipiwa ushuru Dar ikauzwa Kariakoo kwa mfanyabiashara wa Lubumbashi au Bujumbura, kwenye takwimu ni yetu, wakati iliyopita kwa transiti kwenda hukohuko haionekani kabisa kwenye uagizaji wetu. Mimi takwimu hizo nazisoma kwa kuona mwelekeo, sizitumii kupangia oda.

Tuje kwenye gesi. Tochi tupu ni chuma, plastiki na shaba. Inasafiri kama nyundo. Ikijazwa gesi kiwandani inakuwa shehena hatari, daraja la 2.1, gesi inayowaka, na kwenye orodha ya Umoja wa Mataifa ni UN 3150. Vikopo vya kutumia mara moja na kutupa ni UN 2037. Viberiti vya gesi na vikopo vidogo vya kuvijazia ni UN 1057. Kanuni za IMDG za kubeba vitu hivi baharini ni za lazima chini ya SOLAS, mkataba wa kimataifa wa usalama wa maisha baharini, tangu Januari 1, 2004, na zinataka tamko la shehena hatari, vifungashio vilivyoidhinishwa, alama ya almasi nyekundu kwenye katoni na kwenye kontena, na karatasi ya usalama ya bidhaa. Kampuni ya meli inaongeza gharama yake, na inaweza kukataa.

Wakusanyaji wa mizigo wa Guangzhou na Yiwu, wale wanaopokea sibiemu (mita za ujazo) zako mbili na kuzichanganya na za wenzako, wengi hawagusi kitu cha 2.1. Ndiyo maana unakuta mtu kashauriwa na muuzaji: "Usijali, tutaandika vyombo vya jikoni." Jali. Mei 2019 meli ya KMTC Hongkong iliungua bandarini Laem Chabang, Thailand, na uchunguzi ukaelekea kwenye kemikali ambazo hazikutajwa kwenye hati za mzigo. Kikopo cha butani kilichofichwa katikati ya vitenge hakina wa kukipangia mahali mbali na joto, maana hakuna ajuaye kuwa kipo. Na kikigunduliwa huku kwenye skana, kontena zima linasimama: wewe na sibiemu zako mbili, na wenzako wote mliochangia, na storeji, yaani gharama ya kuhifadhi mzigo, inahesabu.

Vikopo vyenyewe, vikitengenezwa inavyotakiwa, si vitu vya kuogopa. Utaratibu wa kimataifa unataka kila kikopo kikishajazwa kizamishwe kwenye maji ya moto hadi shinikizo la ndani lifikie lile la nyuzi 55 za Selsiasi, kionekane kama kinavuja au kinavimba. Butani huchemka kwenye nyuzi −0.5 tu, kwa hiyo ndani ya kikopo chetu cha Dar siku zote ina shinikizo. Propani huchemka kwenye −42, na shinikizo lake ni kubwa zaidi kwa joto lilelile. Hapa ndipo ninapowakataza watu kununua vile viunganishi vya kujazia kikopo cha kutupa kutoka mtungi wa nyumbani. Gesi ya mtungini ni mchanganyiko wenye propani; kikopo cha butani hakikupimwa kwa ajili yake.

Kuhusu ushuru wa gesi, kuna mpaka mmoja unaochekesha. Kikopo cha kujazia viberiti kisichozidi sentimita za ujazo 300 kina namba yake, 3606.10, sura moja na baruti na fataki. Kikopo kikubwa kile cha gramu 220 hivi, cha jiko la kubeba, kinazidi hapo, kwa hiyo kinakwenda 27.11 pamoja na gesi zote za petroli. Ukiagiza tochi, vikopo vidogo na vikopo vikubwa, una bidhaa tatu kwenye sura tatu. Zikifungwa pamoja kwenye boksi moja la rejareja, tochi na kikopo chake, kanuni ya 3(b) ya uainishaji inauliza ni kipi kinachoipa seti tabia yake. Kwa kawaida ni tochi. Ila jibu hilo linahusu ushuru peke yake: kwa meli, seti hiyo bado ni shehena hatari.

Ndiyo maana ushauri wangu kwa mwenye mtaji mdogo ni uleule: leta vichwa vitupu, kikopo akinunue mteja hapahapa. Sharti ni kwamba kichwa kiendane na kikopo kilichopo sokoni, na hili waagizaji wengi hawaliulizi kabisa. Chukua kikopo cha jiko la kubeba ukitazame juu. Kuna ukingo wa bati wenye pengo dogo upande mmoja, na katikati kijibomba kinachobonyea. Kichwa cha aina hiyo unakiweka sawa na pengo, unasukuma, unazungusha kidogo, kinakaza. Kikopo cha kambi cha Ulaya kina nyuzi za skrubu na hakina pengo. Kitungi kirefu cha Kimarekani, kile cha njano au cha buluu wanachokitumia mafundi friji, kina nyuzi pana za inchi moja. Hivi vitatu havishirikiani. Agiza vichwa vya nyuzi za Ulaya uvipeleke Kariakoo, utakaa navyo, kwa kuwa kikopo kilichojaa madukani ni kile cha pengo.

Fundi friji ni habari nyingine. Vijiti vya shaba na fosforasi anavyounganishia mabomba huanza kuyeyuka kati ya nyuzi 640 na 710 hivi, kutegemea aina, na bomba la shaba linanyonya joto mfululizo. Kitochi cha butani kitamchosha. Yeye anataka kitungi cha njano, na bado anakiita mapu, ingawa gesi ya MAPP halisi iliacha kutengenezwa Amerika Kaskazini mwaka 2008 na kilichomo leo kwa sehemu kubwa ni propilini. Kazi anaipata, kwa hiyo halalamiki.

Sampuli ikifika, mimi huomba iwashwe mbele yangu kisha igeuzwe kichwa chini. Tochi rahisi, gesi ikiwa bado majimaji hufika kwenye bomba kabla ya kugeuka mvuke, na moto unaruka kuwa mrefu wa manjano. Tochi nzuri ina kibomba kinachopita karibu na moto ili gesi ipashwe kwanza, na ikishapata moto hubaki buluu hata ikielekezwa chini. Muuza kongoro anaelekeza moto chini kutwa nzima, kwa hiyo kwake tofauti hiyo ni nyusi zake. Halafu paka povu la sabuni penye kiungo. Oringi mbovu, kile kipira cha duara cha kuzibia, inajionyesha hapo hapo.

Upande wa viwango, TBS, Shirika la Viwango Tanzania, inaendesha ukaguzi wa kabla ya kusafirisha, PVoC, tangu 2012. Muuzaji wako anatakiwa apimiwe mzigo kule unakotoka na apewe cheti cha ulinganifu kabla kontena halijafungwa. Kwa tochi kuna kiwango cha kimataifa cha kuegemea, ISO 9012, cha vichomeo vya mkononi vinavyovuta hewa vyenyewe. Mwulize kiwanda kama kinakijua. Jibu lake litakueleza mengi zaidi kuhusu kiwanda kuliko picha za ofisini kwao. Mzigo ukija bila cheti utakaguliwa ukifika, kwa gharama yako na kwa muda usioupanga, na storeji haisubiri.

La mwisho ni la kufanya kabla hujatuma malipo ya awali. TRA hutoa uamuzi wa awali wa uainishaji: unaandika maombi, unaeleza bidhaa, unaambatanisha picha, maelezo ya kiwanda na ikibidi sampuli. Eleza kwa ukamilifu: ina tangi au haina, inafungwaje na gesi, inakuja imejazwa au tupu, ni ya kazi gani. Kisha mwambie muuzaji aandike maneno hayohayo kwenye ankara na kwenye orodha ya ufungashaji, neno kwa neno, na asiongeze la kwake.