Ngazi ya tatu: kutafuta ukoo kwa kamera

Kiswahili kinajua kushuka. Mwombe mzee yeyote akutajie kizazi chake kwenda chini, atakwambia mtoto, mjukuu, kitukuu, kilembwe, kining'ina. Mgeuze sasa, mwambie apande. Atasema baba, atasema babu, na hapo pumzi inakata. Wanaofuata wote ni "mababu", kundi zima, wamechanganyika kama abiria wa daladala.

Mimi ni mtayarishaji wa filamu, na mahojiano yangu mengi yamekwama hapo hapo, ngazi ya tatu. Kinachoniweka mjini ni video za harusi na matangazo madogo madogo. Kinachonitoa usingizini ni hiki kingine: kukaa na wazee wa Bagamoyo, Kariakoo na Ilala nikirekodi koo zao na mitaa yao. Wengi huniuliza kwa nini nachanganya vitu viwili. Wanataka nichague, filamu za koo au filamu za historia ya mtaa. Ngoja nieleze kwa nini haiwezekani.

Tatizo linaanza na majina yenyewe. Tuseme kuna Asha Juma Hamisi. Juma ni baba yake, Hamisi ni babu yake. Mtoto wake akiwa Saidi Bakari Athumani, Juma na Hamisi wameshatoweka kwenye karatasi, na bado Asha mwenyewe yuko hai, anapika. Vitabu vya Wazungu vya kutafuta nasaba vinakufundisha ushike jina la ukoo kama kamba, ulifuate karne hadi karne. Huku kwetu pwani kamba hiyo kwa familia nyingi haipo. Kila kizazi kinasuka yake. Ongeza kwamba kina Juma na Hamisi wamepewa majina ya siku, na kwamba Mosi, Pili na Tatu ni namba za kuzaliwa, utaona kwa nini orodha yenye Juma Hamisi wanane haikusaidii kitu.

Kwa hiyo mimi huliacha jina nikafuata mahali. Nyumba, shamba, kisima, msikiti, kaburi. Mtu anaweza kusahau jina la baba wa babu yake lakini akakuonyesha mwembe alioupanda.

Nilipoanza nilikuwa nafungua mahojiano kwa swali la kijinga: "Bibi, nyinyi kabila gani?" Jibu huwa limeshapigwa pasi zamani, linatoka bila mkunjo. Siku hizi nauliza, "Mkifiwa, watani wenu ni akina nani?" Hapo uso unabadilika. Bibi mmoja pale Kariakoo, kwenye nyumba ya vyumba sita yenye ukumbi katikati, alijiita Mzaramo tangu tulipoamkiana. Nilipouliza habari za watani akacheka: "Wazaramo hao hao, mjukuu wangu. Walipokufa wazee wangu ndio waliotusumbua msibani, wanashika jeneza wanataka hela." Sasa Mzaramo hataniwi na Mzaramo mwenzake hivyo. Miongoni mwa watani wa Wazaramo ni Wanyamwezi, na utani huo ulipita njia ya misafara, wapagazi wakishuka kutoka bara kuja Bagamoyo na meno ya tembo mabegani. Sikumwambia kitu. Nilimwacha aendelee, na baada ya nusu saa akafika mwenyewe: mzaa babu yake alikuja na mzigo, hakurudi. Utani ulikuwa umetunza kile ambacho jina la kabila lilikifunika.

Miaka nayo haiji kwa tarakimu, inakuja kwa matukio. "Alizaliwa wakati wa Maji Maji" ni kati ya 1905 na 1907. "Rupia zilipoondoka" ni karibu na 1921, shilingi ilipoingia. Ukienda Ugogo utasikia Mtunya, ile njaa kubwa ya mwishoni mwa Vita Kuu ya Kwanza, na Unguja zamani walihesabu kwa kimbunga cha 1872 kilichong'oa mikarafuu. Natembea na daftari la matukio hayo, kila wilaya na ukurasa wake. Lakini chunga "vita vya Mjerumani". Nimewahi kuharibu sura nzima ya filamu kwa sababu nilidhani mzee anazungumzia vita vya 1914 kumbe alikuwa na maana ya vita vya Hitla. Miaka ishirini na mitano ya makosa, kwa neno moja.

Kuna majina yanayozungumza, na haya nayashika kwa tahadhari. Feruzi, Almasi, Marjani, Mabruki: majina ya vito na ya baraka, ambayo mabwana wa pwani walikuwa wakiwapa watumwa. Ukilikuta kwenye ngazi ya nne au ya tano, ni dalili. Si ushahidi, maana leo mtu anamwita mwanawe Feruzi kwa kulipenda tu. Hata nisba ya Kiarabu mwishoni mwa jina, yaani jina la kuonyesha asili ya mtu, haithibitishi damu, kwa kuwa watumwa wa nyumba fulani mara nyingi waliendelea kuitwa kwa nyumba hiyo. Zanzibar, amri ya 1897 iliyoondoa utumwa kisheria iliwapa mabwana haki ya kudai fidia, na palipo na fidia pana karatasi. Bagamoyo, wamisionari wa Roho Mtakatifu waliofika mwaka 1868 waliandika ubatizo wa waliokombolewa. Bara, Tanganyika, utumwa haukufutwa na sheria hadi 1922, kwa hiyo nazungumza na watu ambao bibi zao waliujua kwa macho.

Na hawaitaki kamera wakilisema hili. Limenitokea zaidi ya mara moja: nazima, nakunja stendi, mzee ananishika mkono, "Kaa kidogo, mwanangu, lile nililokwambia silo." Kinachofuata ndicho nilichokuja kukitafuta, na sikirekodi. Narudi nyumbani naandika, naweka kwenye bahasha ya familia ile, basi. Mhariri wangu ananiona mjinga. Mimi naona siri ya mtu kuhusu babu yake ni mali ya wajukuu, wao ndio wataamua.

Kuhusu Kariakoo nitakaa kidogo, kwa sababu ni mahali ambapo jina la mtaa limedumu na majina ya watu yamepotea. Waingereza walipoingia Dar es Salaam mwaka 1916 walikusanya hapo wapagazi wao wa kijeshi, Carrier Corps, na midomo yetu ikalifanya Kariakoo. Nairobi ikawa Kariokor. Wapagazi wa Waingereza peke yao, katika vita vile vya Afrika Mashariki, hukadiriwa kufika milioni moja. Mwaka 1927 sanamu ya Askari ikasimamishwa katikati ya jiji letu, na maandishi yake yanawaita wapagazi miguu na mikono ya jeshi, kisha yanaahidi kwamba ukipigania nchi yako, hata ukifa wanao watalikumbuka jina lako. Zunguka ile nguzo pande zote nne. Hakuna jina hata moja la mpagazi. Tume ya Uingereza inayotunza makaburi ya vita ilikiri mwaka 2021 kwamba watu wasiopungua 116,000, pengine hata 350,000, hawakukumbukwa kwa majina au hawakukumbukwa kabisa, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri. Naipita sanamu hiyo karibu kila siku nikiwa kwenye foleni.

Basi majina yako wapi? Nilipoyapata mengi zaidi hapakuwa maktaba. Ilikuwa kwenye khitma. Familia ikisomewa, kuna karatasi hupitishwa kwa shehe yenye majina ya marehemu wote wanaoombewa, na karatasi ile hunakiliwa upya kila mwaka kutoka ile ya zamani. Niliombwa nishike moja wakati mwenyewe anatafuta miwani. Majina arobaini na mbili. Ya juu kabisa hakuna aliyekuwepo pale aliyejua ni ya nani, lakini kila mwaka wanayaombea. Tangu siku hiyo, kabla sijafungua begi la kamera, nauliza kama kuna karatasi ya khitma.

Harusi nazo msizidharau. MC anaposimamisha ndugu upande wa kuumeni na kukeni, mmoja mmoja, akitaja nani ni shangazi na nani ni mjomba, huo ni mti wa ukoo umevaa sare. Mimi nalipwa kuupiga picha, kisha nabaki na nakala.

Kwa wanaotaka kuanza na simu zao: zima feni, hata kama mtatoka jasho, sauti ya feni haiondoki. Usimsahihishe mzee. Waweke wawili pamoja, wagombane. Ugomvi wa dada wawili kuhusu kaburi la nani liko chini ya mbuyu umenipa zaidi ya faili lolote. Na usifute picha ghafi. Nilifuta mara moja ili kupata nafasi kwenye diski, na yule babu alifariki kabla ya mfungo.

Kwa upande wangu, baba wa babu yangu simjui bado. Nina jina moja, Mabruki, na kisima kimoja nje ya Bagamoyo ambacho bibi alisema "ni chetu" bila kueleza. Kabla ya masika nitaenda kulala kijiji hicho siku tatu, bila kamera kwanza, nione nani atanitania.