Kwa nini hawakwenda mahakamani?

Kila Kenya inapopiga kura, baraza letu la kahawa hapa Ngamiani, Tanga, hulirudia swali lilelile, na wakili ni mimi, kwa hiyo ndiye ninayebanwa: "Mwanangu, ile 2007 Raila alishindwa nini kwenda mahakamani?"

Huwa naanza na Matiba. Baada ya uchaguzi wa 1992, Kenneth Matiba, mgombea wa upinzani, alifungua kesi dhidi ya Rais Moi. Kiharusi kilichompata alipokuwa kizuizini kilimwachia shida ya kuandika, mkewe akamsainia kwa hati ya uwakilishi. Kesi ikatupwa: eti lazima asaini mwenyewe. Uchaguzi wa 1997, zamu ikawa ya Mwai Kibaki. Safari hii saini haikuwa na tatizo, ila Moi hakukabidhiwa hati mkononi. Mwaka 1999 nayo ikatupwa. Sasa karani gani wa mahakama atawapita walinzi wa Ikulu ampe Rais samansi mkononi? Hapo wazee hucheka mpaka kahawa inamwagika.

Tarehe 30 Desemba 2007 Samuel Kivuitu, mwenyekiti wa tume ya uchaguzi, akamtangaza Kibaki mshindi, kura 4,584,721 kwa 4,352,993 za Raila, na jioni ileile akaapishwa. Waliolalamika wakaambiwa waende kortini. Waambiwe na nani? Na upande wa mtu yuleyule aliyefungiwa mlango huo! Wakagoma. Ghasia zikazuka, wakafa zaidi ya watu 1,100 kabla ya mkataba wa 28 Februari 2008, aliosuluhisha Kofi Annan, na Jakaya Kikwete akaenda Nairobi kama mwenyekiti wa Umoja wa Afrika.

Katiba ya 2010 ikaweka muda: siku 7 za kufungua kesi, 14 za kuiamua. Kwa njia hiyo Jaji Mkuu Maraga na wenzake wa Mahakama ya Juu, wanne kwa wawili, waliufuta uchaguzi wa rais tarehe 1 Septemba 2017. Kwangu siku 14 ni chache mno kupitia fomu za vituo vya kura zaidi ya 40,000, lakini angalau mlango upo.

"Na kwetu?"

Nikawasomea ibara ya 41(7) ya Katiba yetu: Tume ya Uchaguzi ikishamtangaza Rais, hakuna mahakama yenye mamlaka ya kuchunguza kuchaguliwa kwake. Julai 2020 Mahakama ya Afrika, iliyopo Arusha, ilisema ibara hiyo inakiuka Mkataba wa Afrika wa haki za binadamu.

Mzee mmoja akataka nimsomee tena, polepole.