Kiumbe wa kubuni si zimwi

Kiumbe wa kubuni ni mnyama, ndege au mtu aliyetungwa kwa ajili ya hadithi au mchoro, ana mtunzi wake, na msomaji anajua tangu mwanzo kwamba hayupo. Maana yake ni hiyo tu. Kinachonisumbua ni kwamba kiumbe wa namna hii akitua Moshi, kabla hajakunja mabawa ameshaitwa zimwi.

Wa karibuni ni mwelea. Mpwa wangu, mwanafunzi wa kidato cha pili, amejitungia ulimwengu wa visiwa vinavyoelea angani, na humo anaishi huyo mwelea: mwili wa manyoya, koo lililotuna likawa mfuko wa gesi nyepesi, vidole virefu vya mbele. Kucha zake zimelika upande mmoja tu, kwa sababu hujinasa chini ya kisiwa, kichwa chini miguu juu, akilamba ukungu kwenye zile ndevu za kijivu zinazoning'inia mitini kama tunazoziona msituni Kilimanjaro. Mtoto aliyefikiria kucha zilike upande gani anastahili kusikilizwa. Michoro ilipopelekwa kutolewa kopi, kijana wa steshenari akauliza, "Dogo, mazimwi yote haya ya nini?" Bibi wa mtoto, akitumia jina la zimwi kwa Kichagga, akasema, "Mjukuu wangu, hilo irimu usilale nalo chumbani." Shemeji wa Arusha, aliyetumiwa picha kwenye simu, akajibu kwa neno moja: jini.

Tuanze na zimwi. Zimwi ni la watu wote. Halina mtunzi, na kila msikilizaji analijua kabla msimulizi hajakohoa: linakula watu, linajigeuza, mwisho linashindwa kwa ujanja. Ndiyo maana methali inasema zimwi likujualo halikuli likakwisha, mmezoeana nalo. Jina lake wengi hulihusisha na mzimu na kuzimu, huko chini kwa waliokufa, na irimu la Kichagga ni ndugu yake wa damu. Kumpa jina hilo mnyama anayeishi juu ya mawingu na kulamba ukungu ni kumtwika ukoo usio wake. Amemla nani?

Jini ni habari nyingine kabisa, na hapa naomba tuwe na adabu zaidi. Kwa Waislamu majini ni viumbe wa kweli, wametajwa katika Kurani, na Sura ya 72 inaitwa kwa jina lao. Hao si wa hekaya wala si wa kubuni. Ukimwita jini mnyama aliyechorwa kwa penseli jana usiku, umemwonea mchoraji, na jirani yako pia hukumtendea haki.

Kuna atakayesema Wachagga tuna habari za angani tangu zamani, na hajakosea. Murile aliketi kwenye kigoda cha baba yake, akakiamuru kipae, kikapaa naye mpaka kwa Mfalme wa Mwezi. Akawakuta watu wanakula vibichi, akawafundisha kuwasha moto, wakamlipa ng'ombe. Bruno Gutmann, mmisionari wa Kilutheri, aliiandika hekaya hiyo mwanzoni mwa karne ya 20, lakini hakuitunga, na hakuna aliyeitunga peke yake. Jaribu kuisimulia mbele ya wazee useme kigoda kilikwama njiani, uone watakavyokukata kauli. Hekaya ina wasikilizaji wanaoweza kumrekebisha msimulizi. Kwa mwelea sisi hatuna ubavu huo. Tukitaka kujua anazaa au anataga, tumuulize mwenyewe aliyemtunga.

Na maswali hayo ndiyo raha ya kubuni. Nilimuuliza mpwa wangu, mwelea ana uzito gani? Akasema kilo 60. Tukakaa mezani na kikokotoo: mita moja ya ujazo ya haidrojeni, kwenye usawa wa bahari, huinua kilo 1.1 hivi, kwa hiyo kilo 60 zinataka mfuko wa mita za ujazo kama 55, yaani sebule nzima, sakafu mpaka dari. Huko ni usawa wa bahari. Kibo, kileleni mwa Kilimanjaro, mita 5,895, hewa ni nyepesi karibu mara mbili, basi na mfuko nao uwe karibu mara mbili. Mtoto aliguna, akafuta, akampunguza mwelea hadi kilo mbili. Bado mfuko ulikataa kushuka chini ya mita za ujazo tatu na nusu. Sasa amechorwa upya: puto kubwa, na chini yake mwili mdogo unaoning'inia, uso wa mtu aliyechoshwa na safari. Amependeza zaidi. Zimwi huliulizi kilo zake. Unajiuliza mbio zako.

Visiwa vyenyewe hakuvitoa mbali. Asubuhi mawingu yakitanda chini, Kibo huonekana kimekatika na ardhi. Wanabayolojia nao huvihesabu vilele vya namna hii kuwa visiwa: senesio wakubwa wa Kilimanjaro, ile mimea yenye shina nene na kichwa kama kabichi, ni spishi tofauti na wale wa Meru, ingawa milima hiyo inatazamana. Joto la huku chini limewatenga kama bahari. Mtoto ameviondolea tu visiwa hivyo miguu.

Kwa hiyo, kijana wa steshenari, bibi, na wewe shemeji, hakuna ugomvi. Mkikutana na mchoro kama huo, ulizeni kwanza ni wa nani na mnyama anaitwaje. Asipokuwa na jina bado, "kiumbe wa kubuni" inatosha. Huyu wetu anaitwa mwelea, wakiwa wengi ni waelea, na tafadhali semeni "huyu", si "hili".