Vigia: dungu la kuonea nyangumi kisiwani Pico

Anayekwenda visiwa vya Azores kutazama nyangumi hulisikia neno hili kabla hata hajafunga jaketi la kujiokolea: vigia. Nahodha anaongea kidogo na redio, anageukia abiria, anasema vigia ameona pumzi ya nyangumi upande wa kusini, injini inawaka.

Neno ni la Kireno na lina maana mbili zinazokwenda pamoja. Vigia ni kibanda kidogo kilichojengwa juu ya jabali kikiikabili bahari. Vigia pia ni mtu anayeketi humo na darubini tangu kukipambazuka. Aliyekulia karibu na mashamba ya mpunga au mtama hahitaji maelezo marefu: hilo ni dungu. Ila wa dunguni huamia ndege ili waondoke, na huyu wa Pico humtafuta mnyama ili watu wamwendee. Zamani walimwendea na chusa, leo wanamwendea na kamera. Kazi ya vigia mwenyewe ni ileile.

Azores ni visiwa tisa vya Ureno katikati ya Atlantiki, takriban kilomita 1,500 magharibi ya Lisbon. Pico ni kimojawapo, na chenyewe ni volkano: kilele chake kina mita 2,351, mlima mrefu kuliko yote ya Ureno. Mteremko huo hauishii ufukweni, unaendelea chini ya maji, kwa hiyo chombo hakihitaji kwenda mbali kabla ya kufika penye kina cha mita 1,000 na zaidi. Huko chini kuna ngisi, na ngisi ndio chakula kikuu cha nyangumi mwenye kichwa kikubwa cha mraba, ambaye Wareno humwita cachalote. Tumwite kashaloti. Watu wa mwambao wa Afrika Mashariki wanakijua kitu chake kimoja tangu karne nyingi, hata kama mnyama mwenyewe hawajamwona: ambari ya manukato hutoka tumboni mwake.

Kashaloti akishazama hukaa chini dakika 45 hivi, pengine hata saa nzima. Kisha huja juu na kupumua kwa dakika kama kumi kabla ya kuinua mkia na kupotea tena. Yaani katika kila saa huonekana kwa muda mfupi sana, na kinachoonekana kwa mbali si mwili bali pumzi. Tundu lake la pua halipo utosini kama la nyangumi wengine. Liko mbele ya kichwa, upande wa kushoto. Kwa hiyo pumzi yake haisimami wima. Huruka mbele na kulalia kushoto, fupi na yenye kutawanyika kama kichaka. Hiyo ndiyo alama ya kwanza ya vigia. Nyangumi wa pezi na nyangumi buluu hutoa nguzo ndefu iliyonyooka, na vigia mzoefu hazichanganyi hata zikiwa mbali kiasi cha kuonekana kama uzi mweupe.

Kwa nini mtu wa nchi kavu amshinde aliye baharini? Ni hesabu ya upeo wa macho. Chukua urefu wa jicho kutoka usawa wa bahari kwa mita, tafuta kipeuo chake cha pili, zidisha kwa 3.57, jibu ni umbali wa upeo kwa kilomita. Aliyesimama kwenye boti, jicho likiwa mita 2 juu ya maji, huona kilomita 5 tu. Aliyeketi juu ya jabali la mita 60 huona karibu kilomita 28. Pumzi yenyewe inapanda mita kadhaa, kwa hiyo huonekana hata ikitokea nyuma kidogo ya mstari huo. Boti inayozunguka peke yake inapapasa gizani, vigia ana ramani nzima mbele yake.

Kibanda kimejengwa kwa kazi hiyo na si kwa starehe. Ukutani hakuna dirisha la kawaida. Kuna mwanya mrefu mwembamba uliolala, usawa wa macho ya mtu aliyeketi, unaopunguza mwanga ili macho yasichoke na kuzuia upepo usitikise mikono. Darubini hukaa juu ya kishikizo, kwa kuwa darubini ya nguvu namna hiyo haishikiki kwa mkono ikatulia. Vigia hufagia bahari nayo polepole, kipande baada ya kipande, kisha anarudia. Anayeruka ruka na darubini haoni kitu.

Siku za uvuvi, taarifa ilitolewa kwa fataki. Ikilia angani, kijiji kizima kilijua, na kelele ya "baleia!", yaani nyangumi, ilipita mitaani. Hawa hawakuwa wavuvi wa nyangumi wa kudumu. Walikuwa wakulima, mafundi viatu, maseremala; jembe liliachwa shambani papo hapo. Mashua zikishatoka, vigia aliendelea kuziongoza, kwa vitambaa vyeupe au moshi mwanzoni, baadaye kwa redio.

Ufundi wenyewe uliletwa na meli za Kimarekani. Kuanzia karne ya 18 meli za nyangumi za New England, kaskazini-mashariki mwa Marekani, zilitia nanga Azores kuchukua maji, chakula na vijana, na vijana hao waliporudi kwao walijua kila kitu. Meli za aina hiyohiyo ziliingia hadi Bahari ya Hindi, na baadhi zilitua Unguja katika karne ya 19. Katikati ya karne hiyo ndipo watu wa Azores walipoanza kuvua wenyewe kutoka pwani. Mashua yao, bote baleeiro, inatokana na ya Kimarekani lakini waliirefusha ipite mita 11, ikiwa nyembamba na yenye ncha mbele na nyuma. Ilichukua watu saba: mkuu wa mashua kwenye kasia la usukani, mpiga chusa mbele, na wapiga makasia. Walimkaribia kwa tanga au kwa makasia mafupi, kwa sababu nyangumi husikia vizuri mno. Boti za injini zilikuja baadaye, lakini kazi yake ilikuwa kuvuta mashua hadi karibu na kuwakokota nyangumi waliokufa.

Wasomaji wengi hudhani chusa ndiyo inayoua. Haiui, inamfunga tu mnyama kwenye kamba. Kamba hiyo hutoka kwenye pipa kwa kasi kiasi kwamba ililazimu kumwagiwa maji isiungue, na ole wake aliyekanyaga duara lake. Kuua kulifanywa kwa mkuki mrefu, nyangumi akishachoka, na kungeweza kuchukua saa nyingi. Ukatili wa jambo hilo hauna haja ya kupambwa, na hatari kwa watu nayo ilikuwa ya kweli: pigo moja la mkia lilitosha kuivunja mashua.

Macho ya vigia hayakuona nyangumi peke yao. Tarehe 27 Septemba 1957, katika kisiwa jirani cha Faial, waliokuwa zamu kwenye vigia ya Costado da Nau waliona bahari ikitokota karibu na mnara wa taa wa Capelinhos. Ilikuwa volkano inaanza. Ililipuka kwa miezi 13 na kukiongezea kisiwa ardhi mpya. Mnara wa taa umezama kwenye majivu hadi leo, na ukifika Faial usiuache.

Uvuvi ulikwisha kwa sababu mbili. Mafuta ya petroli na ya mimea yaliua soko, halafu sheria ikafunga mlango katika miaka ya 1980. Kashaloti wa mwisho aliuawa Pico mwaka 1987. Miaka michache tu baadaye safari za watalii zilianza kutoka Lajes do Pico, mji wa pwani ya kusini, na waliohitajika kwanza walikuwa wale wazee wa vibandani. Binafsi naona hapo ndipo urithi wa kisiwa hiki ulipo hasa, kuliko kwenye mifupa iliyotundikwa ukutani.

Safari ya leo huenda hivi. Vigia anaanza mapambazuko. Akiona pumzi, anaitaja kwa mwelekeo na umbali, mara nyingi kwa kulinganisha na alama za nchi kavu. Boti ikifika eneo, nahodha huteremsha maikrofoni ya chini ya maji. Kashaloti anayewinda hutoa milio ya kugonga, kama mtu anayegota meza kwa kucha, bila kukoma. Milio ikinyamaza, mara nyingi ni kwamba anapanda, na hapo kila mtu akodoe macho. Akitokea, boti humfuata kwa nyuma, kamwe si kwa mbele, na sheria ya Azores hairuhusu kumsogelea chini ya mita 50. Akiwa na mtoto ni mita 100. Kuogelea na nyangumi ni marufuku. Akiinua mkia, picha ni hiyo, na atakayekuwa anatafuta kitufe muda huo atasubiri dakika 45 nyingine.

Mambo huharibika zaidi kwa sababu ya hewa. Upepo ukivuka nguvu ya nne katika kipimo cha upepo cha Beaufort, vichwa vya mawimbi huwa vyeupe na kila kimoja hufanana na pumzi. Ukungu hufupisha upeo hata kama bahari imetulia kama mafuta kwenye sahani. Jua nalo, kwa kuwa pwani ya Lajes inatazama kusini, humulika uso wa maji na kuacha eneo zima lisiloonekana. Kwa hiyo chukua safari ya asubuhi, na ikiwezekana uiweke mwanzoni mwa siku zako kisiwani ili ikiahirishwa uwe na nafasi ya kurudia. Kabla ya kulipa uliza swali moja: mna vigia leo? Ikiwa jibu linazunguka, tafuta kwingine.

Boti za mpira ni za kasi na hukuweka karibu na maji, lakini zinapiga mgongo. Mjamzito na mwenye maradhi ya uti wa mgongo wachague boti kubwa. Dawa ya kichefuchefu humezwa saa moja kabla ya kuondoka. Ukisubiri hadi tumbo lianze kuchafuka, umechelewa.

Kashaloti yupo mwaka mzima. Anayemtaka nyangumi buluu au wa pezi aje kati ya Machi na Juni, wanapopita kuelekea kaskazini. Kiangazi kina pomboo wengi.

Kivuko kutoka Horta, mji wa Faial, hadi Madalena kisiwani Pico huchukua nusu saa, na kutoka hapo ni mwendo wa gari hadi Lajes. Makumbusho ya wavuvi, Museu dos Baleeiros, yamo ndani ya mabanda ya zamani ya mashua, na karakana ya mhunzi aliyefua vyusa ipo hapohapo. Upande wa kaskazini, São Roque, kiwanda chenyewe kimegeuzwa makumbusho: matangi ya mvuke yaliyoyeyushia shahamu bado yamesimama, na winchi iliyowakokota wanyama wa mita 15 juu ya sakafu ya mawe. Anayetaka kuketi mahali pa mlinzi aende Vigia da Queimada, nje kidogo ya Lajes. Kuona mashua za kale zikishindana kwa tanga na makasia, fika wiki ya mwisho ya Agosti, wakati wa sherehe za Semana dos Baleeiros.

Meno ya kashaloti yaliyochorwa utayaona Horta na Pico, mengine yakiuzwa. Yatazame, usiyanunue. Mkataba wa CITES, unaosimamia biashara ya kimataifa ya wanyama na mimea walio hatarini, unamweka kashaloti katika orodha yenye ulinzi mkali kuliko zote, na jino lisilo na kibali litakukwamisha forodhani hata likiwa limechongwa kabla hujazaliwa. Mafundi wa visiwani sasa huchora picha zilezile kwenye mfupa wa ng'ombe au mbegu ngumu za mti wa jamii ya mnazi wa Amerika Kusini, hizo zinapita.