Ukipanda daraja la TAZARA, njia ya Buguruni imeshakupita

Daraja la Mfugale pale TAZARA lilifunguliwa Septemba 2018, na wiki chache baadaye nilipotea juu yake. Nakiri kwa aibu kidogo, maana nimeishi Dar es Salaam miaka mingi, kazi yangu ni kufundisha udereva, na pembeni yangu siku hiyo alikaa mwanafunzi. Tulikuwa tunatoka upande wa Uwanja wa Ndege tunaenda Buguruni. Kabla ya daraja nilizoea kuja na leni yoyote ya Barabara ya Nyerere iliyokuwa na nafasi, nikifika karibu na taa ndipo nijibane kushoto. Safari hii leni niliyokuwemo ilianza kunyanyuka nami ndani yake. Mwanafunzi akauliza kwa upole, “Mwalimu, si tulisema Buguruni?” Njia ya Buguruni ilikuwa chini yetu, inaonekana kabisa.

Sikukanyaga breki. Sikuwasha taa zote nne nikarudi kinyumenyume, ingawa nimewahi kuona watu wazima wakifanya hivyo pale mdomoni mwa daraja. Tulinyoosha hadi makutano ya VETA, tukakata kushoto Barabara ya Kawawa, pale Ilala Boma tukaishika Uhuru, tukaibukia Buguruni tukiwa tumechelewa kama dakika 20.

Tangu hapo kuna jambo nawaambia wanafunzi wangu ambalo awali nililisema kwa mazoea tu: ukifika kwenye makutano, leni umeshaichagua, hata kama hukujua kwamba ulikuwa unachagua. Kazi yote hufanyika nyuma kidogo, pale ambapo barabara bado inaonekana ya kawaida na dereva anafikiria mambo mengine.

Madaraja ya juu yamelifanya jambo hili kuwa gumu zaidi kwa sababu yanageuza silika ya dereva. Chukua huyohuyo anayetoka Uwanja wa Ndege, lakini safari hii anakwenda Temeke. Temeke iko kulia, kwa hiyo akili inamwambia ashike kulia mapema, na kwenye makutano ya kawaida angekuwa sahihi. Pale TAZARA leni za kulia, zile za katikati ya barabara, ndizo zinazopanda darajani kwenda mjini. Anayetaka kukata kulia anatakiwa kwanza akae kushoto, ashuke na njia ya pembeni, afike kwenye taa za chini, kisha ndipo apange kulia. Kwenda kulia kwa kuanzia kushoto! Mgeni wa jiji hawezi kulibuni hilo kichwani. Lazima asome vibao. Pale Ubungo, kwenye barabara za juu za Kijazi zilizofunguliwa Februari 2021 zikiwa na ngazi tatu, kanuni ya kukumbuka ni ileile: anayenyoosha anapanda, anayekata kona anabaki chini.

Turudi kwenye makutano ya kawaida, yale ya taa na mishale. Kwa kuwa tunaendesha kushoto, kona ya kushoto ni fupi na haimkatizi dereva anayekuja mbele yako. Kona ya kulia inakatiza njia ya wale wanaotoka upande wa pili, na ndiyo maana gari inayokata kulia husimama ikisubiri nafasi au mshale wake wa kijani. Hapo ndipo ulipo mzizi wa matatizo mengi ya leni mjini. Madereva wengi wanaiona leni ya kulia kuwa ya wenye haraka. Mtu anatoka nayo kilomita mbili nyuma akizipita daladala zinazosimama vituoni, anafika kwenye makutano na mwendo wake, anakuta mbele yake gari imesimama na indiketa ya kulia inawaka. Yeye hakati kulia. Sasa anataka kuchomoka kushoto kwa ghafla, na kushoto kuna gari nyingine inayonyoosha kihalali. Nikipita kwenye makutano nikaona vipande vya plastiki nyekundu na njano chini, huwa nakisia kwanza kisa cha namna hii.

Kwa hiyo ukiwa unanyoosha na barabara ina leni tatu, kaa ya katikati. Ukiwa na leni mbili na hakuna mshale unaokukataza, kaa kushoto unapoyakaribia makutano, hata kama itabidi usubiri nyuma ya daladala inayopakia. Najua ushauri huu haupendwi. Nimeupima kwenye foleni za asubuhi mara nyingi, na tofauti ya muda kati ya anayehangaika na leni na anayetulia mara nyingi huishia kwenye taa inayofuata, mnapokutana tena mkitazamana kupitia vioo.

Uanze kuhama mapema kiasi gani? Ukiwa kwenye mwendo wa kilomita 50 kwa saa, ambao ndio ukomo kwenye maeneo ya makazi, gari inakwenda karibu mita 14 kila sekunde. Kutazama vioo, kuwasha indiketa na kuiacha iwake hadi wenzako waione kunakula sekunde tatu. Kuhama leni moja bila kumshtua mtu kunakula nyingine nne. Hapo umeshatumia karibu mita 100 na hujaanza kupunguza mwendo. Ukitaka kuhama leni mbili, kutoka kushoto kabisa hadi kulia kabisa, unahitaji mita 200 na zaidi, na kila leni uihame peke yake: unaingia ya katikati, unatulia, unatazama tena, ndipo unaendelea. Anayezikata zote mbili kwa mstari mmoja wa mshazari anakuwa amemtazama dereva wa leni ya kwanza tu.

Kwenye foleni hesabu ya mita haina maana, kwa sababu magari yanatambaa na nafasi ni ya kuombwa. Washa indiketa mapema, shusha kioo, tumia mkono, mtazame mwenzako usoni. Watu wa Dar hawana roho mbaya kama tunavyosemwa. Wengi wanakataa kumpisha aliyewatanulia, yaani aliyepita pembeni ya barabara akawaruka magari 30 kisha anataka kuchomekea mbele. Ukiomba ukiwa kwenye mstari wako halali, wa tatu au wa nne atakupisha. Nyanyua mkono kushukuru.

Mstari nao unazungumza. Ule uliokatikakatika unakuruhusu kuhama ukiwa salama. Unapoyakaribia makutano unageuka kuwa mstari mmoja usiokatika, na maana yake ni kwamba muda wa kuchagua umekwisha. Ulipo ndipo utakapotokea. Mshale uliochorwa ndani ya leni ni amri. Leni yenye mshale wa kulia peke yake haikupi ruhusa ya kunyoosha, hata ukiwa wa kwanza kwenye taa na barabara ya mbele ni nyeupe.

Shida ni kwamba mishale mingi imefutika, hasa panapopita malori usiku na mchana. Ukifika mahali rangi imekwisha, tazama vibao vya juu na vya pembeni, kisha tazama upande wa pili wa makutano uhesabu leni zinazokupokea. Kama upande wako kuna magari yamepanga mistari mitatu na ng'ambo kuna leni mbili, basi mstari mmoja kati ya hiyo mitatu si wa kunyoosha, au ni wa kubuni. Usiwe ndani yake. Na pale ambapo leni mbili zinaruhusiwa kukata kulia kwa pamoja, kila mmoja azunguke na leni yake: aliyekuwa ya ndani atokee ya ndani, aliyekuwa ya nje atokee ya nje. Wengi huanza vizuri, kisha katikati ya kona wa nje anajikunja kumfuata wa ndani kwa kuwa ndiyo njia fupi.

Kuna swali naulizwa kila darasa: trafiki akisimama katikati, leni zinakuwa na maana tena? Ishara ya trafiki inazidi taa. Taa ikiwa nyekundu na afande akakuita, unakwenda. Lakini mkono wake unajibu swali la nani aende sasa, haufuti mshale ulio chini ya matairi yako. Asubuhi, upande mmoja unaposhikiliwa muda mrefu, utaona madereva wanaonyoosha wakijaza leni ya kukata kulia kwa matumaini kwamba afande akiruhusu wataruka wote pamoja. Afande anapoamua kuwaruhusu wa kulia peke yao, aliye mbele ya mstari ule haendi kulia na hawezi kunyoosha, na nyuma yake watu 15 wanapiga honi. Kwa makutano yenye msongamano, dereva mmoja wa namna hiyo ana madhara kuliko taa mbovu.

Barabara ya Morogoro nayo ina lake. Tangu mabasi ya mwendokasi yaanze kazi Mei 2016, katikati ya barabara kuna njia zao, na magari mengine yako pande mbili. Fikiria unatoka kituo cha Fire, upande wa mjini, unakwenda Kinondoni, unataka kukata kulia pale Magomeni Usalama. Kwenye barabara isiyo na njia za mwendokasi, ukiwa leni ya kulia kabisa, anayekwenda upande mmoja nawe hawezi kutokea nyuma yako akiwa kulia kwako. Hapa anaweza, naye ni basi refu lenye abiria zaidi ya 100, lina taa yake ya kijani, halitegemei ukatishe. Dereva aliyezoea kutazama mbele tu, akiona magari yanayotoka Manzese yamesimama, anadhani amepata nafasi. Subiri mshale wako wa kulia, na hata ukiwaka, geuza shingo kulia kabla ya kugeuza usukani. Melbourne kule Australia walilitatua jambo hili kivyao: kwenye baadhi ya makutano yenye tramu katikati ya barabara, anayetaka kwenda kulia hupanga kwanza kushoto kabisa, kisha huzungukia mbele ya wenzake taa zinapobadilika. Kwetu hairuhusiwi, nimeitaja kwa sababu mwanafunzi mmoja aliijaribu akidhani ameibuni yeye.

Kipilefti sitakizungumzia sana, ila jina lake limetupotosha. Lilitoka kwenye kibao cha Kiingereza kilichomtaka dereva apite kushoto mwa kisiwa cha katikati, na watu wakaelewa kwamba ndani ya duara unakaa leni ya kushoto mwanzo hadi mwisho. Kipilefti cha leni mbili kina mpangilio: unayekwenda kushoto au kunyoosha ingia na leni ya kushoto, unayekwenda kulia au kurudi ulikotoka ingia na ya ndani ukiwa na indiketa ya kulia, na ukishaupita mlango ulio kabla ya wako, washa ya kushoto, tazama kioo cha kushoto, toka. Aliyemo ndani, anayekujia kutoka kulia, ndiye wa kupishwa.

Malori ya trela yanastahili aya yao. Magurudumu ya nyuma ya trela hayafuati njia ya yale ya mbele; kwenye kona yanakata ndani. Kwa hiyo dereva wa trela anayetaka kushoto hulazimika kwanza kujitanua kulia, na anaonekana kama amekosea leni. Ile nafasi inayobaki kushoto kwake bodaboda huiona kama zawadi. Usiingie. Kwenye Barabara ya Mandela utakutana pia na malori yanayotoka Kongo, Rwanda na Burundi kufuata mizigo bandarini. Kwao magari hupita kulia, hivyo baadhi yana usukani kushoto, na kwa hayo aliye ubavuni kulia mwa kabini ya dereva haonekani vizuri. Kama humwoni dereva kwenye kioo chake, chukulia kwamba naye hakuoni.

Kwa anayejifunza, zoezi ninalolitoa halihitaji gari. Panda daladala, omba siti ya mbele, na kabla ya kila makutano jiambie leni ambayo dereva anatakiwa awe nayo na mahali anapopaswa kuanza kuhama. Wiki ya kwanza wanafunzi wanakosea karibu kila mahali. Wiki ya pili wanaanza kurudi darasani na malalamiko. “Mwalimu, yule jamaa ametoka Ubungo anajua kabisa kwamba Mwenge anakata kulia kwenda Makumbusho. Kwa nini tangu Mlimani City ameng'ang'ania kushoto mpaka kwenye taa?” Huwa nawajibu kwamba abiria wanasimama kushoto.