Mfalme Hussein na hofu ya mitaa ya Amman

Kila nikifundisha historia ya Mashariki ya Kati, nikifika Juni 1967, vita vya Israel dhidi ya Misri, Syria na Jordan, wanafunzi huniuliza swali lilelile. Ilikuwaje Mfalme Hussein wa Jordan, mtu makini kiasi kile, akajiingiza katika vita ambavyo mwenyewe alijua jeshi lake haliviwezi? Siku tatu tu zilitosha kumpokonya Ukingo wa Magharibi wote, ardhi ya Wapalestina ng'ambo ya Mto Jordan aliyokuwa akiitawala, pamoja na Jerusalem Mashariki. Zamani nilikuwa nikijibu kwamba alibebwa na wimbi la Gamal Abdel Nasser, Rais wa Misri. Leo sijibu hivyo. Naamini alipiga hesabu, na katika hesabu ile hatari ya ndani ilikuwa nzito kuliko ya nje.

Hofu hiyo aliipata angali kijana. Tarehe 20 Julai 1951, akiwa na miaka 15, alifuatana na babu yake, Mfalme Abdullah, kwenda kuswali Ijumaa katika Msikiti wa al-Aqsa. Mlangoni pale Mpalestina mmoja alimpiga babu risasi akamuua. Risasi nyingine ilimpata Hussein kifuani, ikagonga nishani iliyokuwa kwenye sare yake. Abdullah alikuwa akituhumiwa kwamba anazungumza na Israel kwa siri. Mwaka uliofuata bunge lilimwondoa Talal, baba yake Hussein, kwa sababu ya maradhi, na kijana wa miaka 16 akarithi ufalme.

Sasa tazama wafalme wenzake wa zama zile. Farouk wa Misri aliondolewa mwaka 1952. Faisal wa Pili wa Iraq, binamu yake Hussein na rika lake, aliuawa Julai 1958. Imamu wa Yemen alipinduliwa mwaka 1962, Idris wa Libya mwaka 1969. Hakuna hata mmoja kati yao aliyeng'olewa na jeshi la jirani. Wote waling'olewa na maofisa wao wenyewe. Hussein aliliona hilo, na kwa maoni yangu sera yake ya nje haieleweki usipoanzia kambini na mitaani kwake, katika nchi ambayo sehemu kubwa ya raia wake ni Wapalestina.

Turudi kwenye vita. Tangu mwaka 1963 Hussein alikuwa akikutana kwa siri na wajumbe wa Israel, mara ya kwanza jijini London, nyumbani kwa daktari wake. Lakini Novemba 1966 jeshi la Israel lilishambulia kijiji cha Samu, kusini mwa Hebron. Watu wa Ukingo wa Magharibi waliandamana kwa hasira, wakimlaumu mfalme kwamba hawalindi. Hapo ndipo alipojiona amebanwa. Tarehe 30 Mei 1967 alirusha ndege mwenyewe hadi Cairo, akatia saini mkataba wa ulinzi na Nasser, akarudi siku hiyohiyo. Ndani ya ndege alikuwa na Ahmad Shukairy, kiongozi wa PLO, chama cha ukombozi wa Palestina, ambaye kwa miezi mingi alikuwa akimshambulia kwa maneno hadharani. Amman, mji wake mkuu, ikampokea kwa shangwe. Jeshi lake sasa lilikuwa chini ya jenerali wa Kimisri.

Fikiria angekataa. Misri ingepigwa, Syria ingepigwa, naye angebaki salama huku kila Mpalestina katika ufalme wake akimwita msaliti, na kila ofisa kijana akijiuliza kama zamu yake imefika. Alichagua kupoteza ardhi. Uamuzi huo siupambi, maana waliolipia gharama yake ni maelfu kwa maelfu ya watu waliovuka Mto Jordan wakiwa na mizigo kichwani, wengi wao wakiwa wakimbizi kwa mara ya pili. Ninachosema ni kwamba haukuwa upumbavu.

Septemba 1970 hatari ya ndani ilimfikia mlangoni. Wapiganaji wa Kipalestina walikuwa na silaha zao na vizuizi vyao vya barabarani ndani ya Amman, na ndege za abiria zilizotekwa zililipuliwa jangwani karibu na Zarqa. Tarehe 17 aliingiza jeshi mjini. Vifaru vya Syria vikavuka mpaka kuwasaidia wapiganaji, lakini Hafiz al-Assad, waziri wa ulinzi wakati huo, hakuitoa ndege ya kivita hata moja kuvisaidia. Maelfu waliuawa. Kufikia Julai 1971 wapiganaji wote walikuwa wamefukuzwa, na jeraha lile halijapona mpaka leo.

Baada ya hapo akawa fundi wa njia ya tatu. Vita vya Oktoba 1973, vya Misri na Syria dhidi ya Israel, vilipolipuka hakufungua uwanja wa vita kwenye mpaka wake mwenyewe. Alipeleka kikosi cha vifaru Syria, akaonekana kushiriki bila kuhatarisha Amman. Mwaka 1990 Saddam Hussein, Rais wa Iraq, alipoivamia Kuwait, mitaa ya Jordan ilikuwa upande wa Saddam. Mfalme alikataa kujiunga na muungano wa Marekani. Nchi za Ghuba zilimkatia misaada, na watu wapatao 300,000 walirejea kutoka huko bila kazi. Uchumi ukayumba, kiti kikabaki imara.

Tukio linalonishangaza zaidi ni la Septemba 1997. Karibu miaka mitatu tu ilikuwa imepita tangu atie saini amani na Israel, pale Wadi Araba. Majasusi wa Mossad, idara ya ujasusi ya Israel, wenye pasipoti za Kanada walimfuata Khaled Meshaal, kiongozi wa Hamas, kundi la Kipalestina linalopigana na Israel, mlangoni mwa ofisi yake mjini Amman, wakampulizia sumu sikioni. Wawili walikimbizwa na mlinzi wake, wakakamatwa. Meshaal alipoanza kuzimia hospitalini, Hussein alimtaka Waziri Mkuu Benjamin Netanyahu alete dawa ya kuivunja sumu ile, akamhusisha na Rais Clinton, akaweka wazi kwamba Meshaal akifa, mapatano ya amani yatakufa naye.

Dawa ililetwa. Bado hakutosheka, maana majasusi wale alikuwa nao mkononi na raia wake walikuwa wakitazama. Akamdai Sheikh Ahmed Yassin, mwanzilishi wa Hamas, aliyekuwa akitumikia kifungo cha maisha Israel. Siku chache baadaye helikopta ilimshusha Yassin mjini Amman, mzee asiyeweza kutembea wala kuona vizuri, akatibiwa hapo, kisha akarejeshwa nyumbani kwake Gaza.